Maswali na Majibu: Programu za Kukokotoa Hatari ya Radi na Umeme Majengoni

Toleo hili linajibu barua za wasomaji walioandika kuhusu programu za kompyuta zinazokadiria hatari ya radi na hitilafu za umeme katika majengo. Barua zimefupishwa, na zile zilizouliza jambo moja zimeunganishwa. Pasipotajwa vingine, tarakimu za radi zilizomo katika majibu zinafuata kiwango cha kimataifa IEC 62305, sehemu ya 2, toleo la 2010. Toleo jipya lilitoka mwaka 2024, na pale linapobadilisha jambo la maana tumelitaja.

SWALI: Bodi ya shule yetu ya bweni iliomba tathmini ya hatari ya radi kwa bweni lenye urefu wa mita 40, upana wa mita 20 na kimo cha mita 10. Mhandisi wa kwanza alitumia programu yake akatuambia kwamba hatari ni mara 18 ya kiwango kinachovumilika. Wa pili, kwa programu nyingine, akasema jengo halihitaji kinga yoyote. Vipimo vya jengo katika ripoti zote mbili ni vilevile. Tumwamini nani? – Mwalimu mkuu

JIBU: Mwalimu, kabla ya kuchagua wa kumwamini, waombe wote wawili ukurasa unaoonyesha majibu waliyoipa programu. Programu zote za aina hii hufanya kazi moja: huzidisha idadi ya matukio ya radi yanayotarajiwa kwa mwaka, uwezekano kwamba tukio litaleta madhara, na ukubwa wa hasara madhara yakitokea. Ni hesabu ya kuzidisha tu, na kompyuta haikosei kuzidisha. Tofauti hutoka kwa binadamu aliyechagua tarakimu za kuzidishwa, na katika jengo lenu tofauti hiyo inaweza kufuatwa hatua kwa hatua.

Tuanze na idadi ya matukio. Radi haihesabiwi kwa ukubwa wa paa peke yake. Jengo hupokea pia radi ambayo ingeanguka kando yake, hadi umbali wa mara tatu ya kimo chake. Kwa bweni lenu umbali huo ni mita 30 kila upande. Paa lina mita za mraba 800, ukanda wa pembeni unaongeza 3,600, na pembe nne, ambazo huchorwa kwa mviringo, zinaongeza takriban 2,827. Jumla ni mita za mraba 7,227. Tuseme eneo lenu hupigwa na radi 10 kwa kila kilomita ya mraba kwa mwaka, na bweni limezungukwa na majengo au miti ya kimo kama chake, hali ambayo jedwali huipa kizidishi cha 0.5. Tunapata matukio 0.036 kwa mwaka, yaani jengo litapigwa moja kwa moja takriban mara moja katika miaka 28. Ikiwa wahandisi wenu walitumia idadi ileile ya radi na mazingira yaleyale, hadi hapa wako pamoja.

Njia zao zinaachana kwenye hasara. Hapo programu huuliza hatari ya moto ndani ya jengo ni ya kiasi gani, watu watapata taharuki kiasi gani wakati wa kutoka, na jengo ni la matumizi gani. Shule, hoteli na hospitali hupewa 0.1 kwa matumizi. Mtu akichagua hatari ya moto ya "kawaida" anapata 0.01, na akichagua taharuki ya "wastani" anapata 5. Zidisha vyote: 0.005. Zidisha na yale matukio 0.036, na hatari inakuwa takriban 18 kwa 100,000 kwa mwaka, wakati kiwango kinachovumilika kwa uhai wa binadamu ni 1 kwa 100,000. Hizo ndizo mara 18 za mhandisi wa kwanza. Sasa badilisha majibu mawili tu: hatari ya moto iwe "ndogo", yaani 0.001, na taharuki iwe "ndogo", yaani 2. Hatari inashuka hadi takriban 0.7 kwa 100,000, na programu inaonyesha rangi ya kijani. Hakuna ukuta uliobadilika wala radi iliyopungua. Na hapa tumehesabu moto utokanao na radi inayopiga jengo lenyewe tu. Madhara mengine huongezwa juu yake.

Nani yuko sahihi ni jambo la kwenda kuangalia bwenini. Kiwango kinaeleza kwamba hatari ya moto ni ndogo pale vitu vinavyoweza kuungua vina nishati isiyofikia megajuli 400 kwa kila mita ya mraba ya sakafu, ni ya kawaida kati ya 400 na 800, na ni kubwa zaidi ya hapo au paa linapokuwa la vitu vinavyoungua. Bweni lenye magodoro, vitanda vya mbao vya kupandiana, mapazia na masanduku ya nguo halistahili kuandikwa "ndogo" na mtu ambaye hakuingia ndani. Kuhusu taharuki, mfano uliotolewa wa kiwango kidogo ni jengo lisilozidi ghorofa mbili na watu wasiozidi 100. Daftari la wanafunzi wa bweni hilo linatosha kumaliza ubishi huo ndani ya dakika moja, na sioni kwa nini bodi imwachie mgeni akisie jambo ambalo ninyi wenyewe mnalo kwa maandishi.

Mkishakubaliana juu ya majibu, itumieni programu kwa kazi inayoiweza vizuri kuliko zote, nayo ni kulinganisha hatua za kinga. Mifumo ya kinga ya radi imegawanywa katika madaraja manne, la I likiwa kali zaidi. Tukianzia kwenye zile 18, daraja la IV hupunguza hatari hadi 3.6, la III hadi 1.8, na la II hadi 0.9, ambayo iko chini ya kikomo. Lakini daraja la III likiambatana na vizima-moto, mabomba ya maji ya kuzimia moto na kengele ya kubonyezwa kwa mkono, ambavyo kwa pamoja hupewa kizidishi cha 0.5, nalo hufika 0.9. Kwa maoni yangu njia hii ya pili ni bora kwa shule, kwa kuwa kizima-moto kitafanya kazi hata moto ukianzia kwenye pasi ya nguo. Waombeni wahandisi wawaletee hesabu za njia zote mbili na gharama zake.

SWALI: Programu ninayotumia huniuliza idadi ya radi kwa kilomita ya mraba kwa mwaka. Nimekuwa nikiiacha tarakimu iliyojazwa tayari. Je, kuna ubaya? – Fundi umeme

JIBU: Upo, Fundi. Tarakimu hiyo huzidisha kila kitu kinachofuata. Ukiiongeza mara mbili, hatari yote inaongezeka mara mbili. Aliyeijaza hakujua utafanya kazi wapi.

Chanzo kizuri zaidi ni mtandao wa vipokezi vya ardhini vinavyonasa mawimbi ya redio yanayotolewa na radi na kukadiria mahali ilipoanguka. Kiwango cha IEC 62858 kinataka takwimu hizo ziwe za angalau miaka 10, na za karibuni kabisa zisiwe na umri wa zaidi ya miaka 5, kwa sababu mwaka mmoja wa mvua nyingi au wa ukame hausemi kweli kuhusu mahali. Pasipo mtandao, hutumika hesabu ya zamani ya siku za ngurumo: idadi ya siku katika mwaka ambazo ngurumo ilisikika kituoni huzidishwa kwa 0.1, hivi kwamba mahali penye siku 120 hukadiriwa kuwa na radi 12 kwa kilomita ya mraba. Ni makadirio ya jumla, lakini yana msingi kuliko tarakimu iliyokutwa kwenye kisanduku.

Uwe mwangalifu na ramani za setilaiti. Kifaa cha LIS kilichorushwa kikiwa ndani ya setilaiti ya TRMM mwaka 1997 na kufanya kazi hadi 2015 kimewapa watafiti picha nzuri ya mgawanyo wa radi katika nchi za joto, lakini kwa kuwa huona mwanga kutoka juu, kilihesabu pia mimweko iliyobaki ndani ya mawingu, ambayo ndiyo mingi. Ukiichukua tarakimu ya ramani hiyo kama ilivyo na kuiingiza mahali pa radi zinazofika ardhini, utapata hatari iliyovimba. Kosa la upande wa pili linakuja na toleo la 2024, ambalo linataka idadi ya alama zilizoguswa ardhini badala ya idadi ya mimweko, kwa kuwa mmweko mmoja unaweza kugusa ardhi zaidi ya mahali pamoja. Soma maelezo ya programu yako ujue inauliza ipi kati ya hizo mbili.

Na ukiwa hapo, kitazame tena kisanduku cha mazingira ya jengo. Jengo lililozungukwa na vitu virefu kuliko lenyewe hupewa 0.25, na lililo peke yake juu ya kilima hupewa 2. Tofauti hiyo ni ya mara nane, na mara nyingi huchaguliwa na mtu aliyeketi ofisini bila hata kutazama picha ya mahali.

SWALI: Kituo chetu cha afya kina fimbo ya radi juu ya paa na waya mnene ulioshuka ardhini. Ripoti ya programu inasema jengo linalindwa. Hata hivyo kila msimu wa mvua tunapoteza friji ya dawa, kompyuta au mashine ya maabara. Je, fimbo ni mbovu? – Msimamizi wa kituo cha afya

JIBU: Huenda fimbo ni nzima kabisa. Inalinda jengo dhidi ya radi inayolipiga jengo, na radi inayowaunguzia vifaa huenda inaingia kwa njia nyingine. Kiwango kinatambua vyanzo vinne vya madhara: radi inayopiga jengo, inayopiga karibu na jengo, inayopiga nyaya zinazoingia katika jengo, na inayopiga karibu na nyaya hizo. Ripoti inayojibu chanzo cha kwanza pekee imejibu robo ya swali, na kwa vifaa vya umeme robo hiyo ndiyo ndogo.

Tazama ukubwa wa tofauti. Waya wa umeme wa msongo mdogo unaopita juu ya nguzo kwa urefu wa kilomita moja hupewa eneo la mapokeo la mita za mraba 40,000 kwa radi inayoupiga wenyewe, na kilomita za mraba 4 kwa radi inayoanguka karibu na kuamsha volteji ndani yake bila kuugusa. Mahali penye radi 10 kwa kilomita ya mraba, katika mazingira ya shamba, hiyo ni radi moja juu ya waya kila baada ya miaka miwili na nusu, na radi 40 kila mwaka karibu nao. Linganisha na jengo la ukubwa wa bweni tulilolizungumzia, ambalo hupigwa mara moja katika miaka 28. Si zote 40 zitakazounguza kitu, lakini vifaa vingi vya kawaida vya volti 230 vimetengenezwa kustahimili msukumo wa volti 2,500 tu, na vile vyepesi zaidi 1,500. Katika ripoti yenu tafuteni sehemu ya nyaya. Ikiwa urefu wa waya haujulikani, kiwango kinaelekeza uchukuliwe kuwa mita 1,000. Sifuri mahali hapo ina maana kwamba mwandishi aliruka sehemu hiyo, na programu haikumzuia.

Dawa ni vifaa vya kuzuia volteji ya ghafla vinavyofungwa kwenye bodi za umeme, na kwa kituo cha afya hakuna haja hata ya kukokotoa. Kiwango cha nyaya za majengo, IEC 60364-4-44, kinataka kinga hiyo moja kwa moja pale ambapo kuharibika kwa vifaa kunaweza kugusa uhai wa watu, na vituo vya tiba vimetajwa waziwazi. Kwa baadhi ya majengo mengine kuna hesabu fupi: chukua 85 kwa shamba na vitongoji, au 850 kwa mjini, ugawanye kwa urefu wa nyaya uliorekebishwa kulingana na aina yake, ukizidishwa na idadi ya radi, jibu likiwa chini ya 1,000, kinga inahitajika. Mahali penye radi 10 na waya wa juu wa mita 400, ambao katika hesabu hii huhesabiwa mara mbili na kuwa 0.8 ya kilomita, jibu la shamba ni takriban 10.6. Hata la mjini ni 106. Penye ngurumo nyingi hesabu hii karibu kila mara itasema ndiyo.

Kwa kuwa jengo lenu lina fimbo, kifaa cha bodi kuu kiwe cha aina ya 1, ambayo hupimwa kwa mkondo unaofanana na wa radi yenyewe, kisha aina ya 2 ifungwe kwenye bodi ndogo za maabara na stoo ya dawa. Waya wa simu, wa intaneti na wa antena nazo zipate kinga zake, kwa maana volteji haichagui mlango. Mwisho, mwambieni fundi afungue bodi mbele yenu na muangalie nyaya zinazounganisha kifaa hicho na umeme upande mmoja, na waya wa ardhi upande wa pili. Jumla ya urefu wake isizidi nusu mita, na usiwepo waya uliokunjwa duara ndani ya sanduku ili upendeze. Katika msukumo wa radi, kila mita ya waya inaweza kuongeza takriban volti 1,000 juu ya zile ambazo kifaa kinapitisha, na hakuna programu itakayoliona duara hilo.

SWALI: Nimepata programu ya bure kutoka kwa muuzaji wa vifaa vya radi. Kila jengo ninaloliingiza, hata kibanda, linahitaji fimbo yake ya kisasa. Niiamini? – Mchora ramani za majengo

JIBU: Kuwa ya bure si kasoro. Toleo la 2006 la kiwango chenyewe liliambatana na kikokotoo rahisi kilichoitwa SIRAC, na wauzaji kadhaa wa vifaa hutoa programu zinazofuata kiwango kwa uaminifu. Ijaribu hivi: ingiza jengo la mawe lenye kimo cha mita 3, lisilo na watu, lisilo na nyaya, lililozungukwa na miti mirefu, mahali penye radi chache. Programu ikiendelea kudai fimbo, hiyo ni orodha ya bei.

Angalia pia ni fimbo gani inayopendekezwa. Zipo zinazodaiwa kuanzisha cheche mapema na hivyo kulinda eneo pana sana kwa nguzo moja, na kiwango cha Ufaransa NF C 17-102 kinazikubali. IEC 62305 haizipi nyongeza hiyo. Sehemu yake ya 3 inataka eneo linalolindwa likadiriwe kwa vipimo halisi vya chuma kilichosimamishwa. Mbinu mojawapo ni kufikiria tufe likibingirishwa juu ya jengo, la nusu kipenyo cha mita 20 kwa daraja la I, 30 kwa la II, 45 kwa la III na 60 kwa la IV: sehemu ambazo tufe linagusa zinahitaji kinga. Programu inayochanganya hatari iliyokokotolewa kwa kiwango kimoja na fimbo iliyopangwa kwa kingine inakupa jibu lisilo la kiwango chochote.

SWALI: Majirani wanasema paa la mabati huvuta radi, na programu haina mahali pa kuandika kwamba paa ni la mabati. Imesahau? – Mwenye nyumba

JIBU: Haikusahau. Kinachoamua mara ngapi nyumba itapigwa ni kimo chake, ukubwa wake na vitu vilivyoizunguka. Mabati hayaongezi idadi hiyo. Kinyume chake, paa la chuma lililoungana vizuri na kushushwa ardhini kwa nyaya za kutosha linaweza kutumika kama sehemu ya kinga yenyewe.

Unene ndio wenye masharti. Kwa chuma cha pua au mabati, kiwango kinataka angalau milimita 0.5 ikiwa si tatizo bati kutobolewa na radi, na milimita 4 ikiwa halitakiwi kutobolewa kabisa. Alumini ni 0.65 na 7. Yapo mabati ya kuezekea yaliyo membamba kuliko nusu milimita, kwa hiyo pima kwanza. Kisha panda darini uone kilicho chini ya bati: bati likitobolewa juu ya zege hasara ni tundu, bali juu ya nyasi kavu, dari ya mbao au magunia yaliyohifadhiwa hasara ni moto. Hilo ndilo jambo ambalo programu inalo mahali pa kuliandikia, kwenye kisanduku cha hatari ya moto.

SWALI: Je, programu ya radi inachunguza pia kama nyaya za ndani ni salama kwa wakazi? – Katibu wa umoja wa wapangaji

JIBU: Haichunguzi. Hiyo ni kazi ya programu nyingine, zinazokokotoa ukubwa wa nyaya, upungufu wa volteji, mkondo wa shoti na muda ambao breka itachukua kukata umeme. Kwa saketi za soketi za volti 230 katika mfumo ambao waya wa ardhi hutoka kwa mgavi wa umeme, IEC 60364 inataka umeme ukatwe ndani ya sekunde 0.4 endapo waya wa moto utagusa chuma cha kifaa. Pale ambapo jengo hutegemea chuma chake lenyewe kilichofukiwa ardhini, muda ni sekunde 0.2.

Udhaifu wa programu hizi ni kwamba zinakagua jengo lililochorwa. Chukua saketi yenye breka ya ampea 32 ya aina B. Ili ikate papo hapo kwa uhakika inahitaji mkondo wa mara tano, yaani ampea 160, hivyo ukinzani wa mzunguko mzima wa hitilafu usizidi omu 1.44. Mhandisi anaingiza hayo, programu inakubali. Kwenye ujenzi breka za aina B zimekwisha dukani, fundi anafunga za aina C za ampea 32 zilezile, ambazo zinahitaji hadi mara kumi, ampea 320, na kikomo kinashuka hadi omu 0.72. Saketi iliyopimwa omu 1.1 ilikuwa salama kwenye karatasi, na sasa mtu akishika jiko lenye hitilafu breka inaweza kuchelewa kukata. Tofauti ya breka hizo mbili ni herufi moja iliyochapwa mbele yake, kando ya tarakimu 32.

Kwa hiyo, Katibu, mdai mwenye jengo awaonyeshe vipimo vilivyochukuliwa kwa kifaa kwenye soketi zenyewe, pamoja na hesabu. Ombeni pia swichi za kukata umeme unaovuja zenye kikomo cha miliampea 30 zijaribiwe kwa kipimo: kwa mkondo huo, swichi ya kawaida inatakiwa kukata ndani ya milisekunde 300. Kitufe cha majaribio kilicho juu yake ni kizuri kubonyezwa mara kwa mara, lakini kinaonyesha tu kwamba swichi inajongea. Hakithibitishi kwamba waya wa ardhi umefika popote.

SWALI: Ripoti ya tathmini ya radi hudumu miaka mingapi? – Meneja wa ghala

JIBU: Hadi jengo au matumizi yake yabadilike. Kuongeza ghorofa, kufunga paneli za jua au mnara wa antena juu ya paa, kukata miti mirefu iliyokuwa kando, au kuhamisha shehena ya saruji na kuweka ya magodoro, kila kimoja kinabadilisha tarakimu na kinahitaji hesabu mpya. Mfumo wa kinga uliokwisha kufungwa una ratiba yake: kwa daraja la I na la II utazamwe kwa macho kila mwaka na kukaguliwa kikamilifu kila baada ya miaka 2, kwa la III na la IV utazamwe kila miaka 2 na kukaguliwa kila miaka 4.

SWALI: Ninasoma uhandisi wa umeme na ningependa kutengeneza kikokotoo changu kwa jedwali la kompyuta badala ya kununua programu. Inawezekana? – Mwanafunzi

JIBU: Inawezekana, na nakuhimiza, kwa sababu utajua kila tarakimu inaingilia wapi. Toleo la 2010 lina kiambatisho chenye mifano minne iliyokokotolewa kikamilifu: nyumba ya shambani, jengo la ofisi, hospitali, na jengo la ghorofa la makazi. Kikokotoo chako kisipotoa majibu ya mifano hiyo, usikitumie kwa jengo la mtu. Anza na nyumba ya shambani, na uache hospitali iwe ya mwisho, maana imegawanywa katika kanda zenye majibu tofauti na ndiyo itakayofichua makosa ya mpangilio.

Makosa utakayokutana nayo mapema ni mawili. La kwanza ni vipimo: maeneo hukokotolewa kwa mita za mraba ilhali radi huhesabiwa kwa kilomita za mraba, na ukisahau kugawanya kwa 1,000,000 jengo lako litapigwa maelfu ya mara kwa mwaka. La pili ni muda wa watu kuwemo, ambao ni saa zao kwa mwaka zikigawanywa kwa 8,760; wanafunzi wengi huweka saa za siku na kugawanya kwa saa za mwaka, na hatari hupotea yote. Andika kando ya kila seli jina la jedwali ulikotoa tarakimu na toleo lake, kwa kuwa toleo la 2024 limeunganisha baadhi ya hasara katika hatari moja na kuongeza kipimo cha mara ngapi vifaa vya ndani vitaharibika, na utakapohamia huko utahitaji kujua ni seli zipi za kufuta.